Ombi la Kumrudisha Kambini Koplo Magige

Buhare, Musoma.

Afande Kamanda,

Shikamoo, na samahani kwa kukupotezea muda wa kulinda nchi.

Mimi ni Eufrasia, mke wa Koplo Magige wa kikosi chako. Yuko nyumbani kwa likizo. Kwa heshima zote, naomba umrudishe kambini kabla likizo haijaisha, kwa sababu hizi:

1. Kila asubuhi anapuliza filimbi. Watoto wanapanga mstari uani, na mama yake aliyekuja kututembelea kutoka Butiama anajipanga nao, mkongojo begani. Mama mkwe huyo hajawahi kunisifia hata chai, lakini kwa mwanawe anaitikia, "Ndiyo, afande!"

2. Anakagua vyombo. Sufuria yangu ya kupikia sato aliikuta na masizi, akaipa adhabu ya kukaa juani hadi jioni. Tukashinda na viazi vya kuchoma.

3. Jogoo wetu aliwika nje ya ratiba. Akachinjwa.

Hapo ndipo palipoharibika. Unajua, Afande, huku kwetu firigisi ni ya mwenye mji. Miaka yote Magige akiwa mpakani, mwenye mji nilikuwa mimi. Choo nilijenga mimi, mwizi wa mbuzi nilimfukuza mimi, baba yangu nilimzika bila mume pembeni. Firigisi nilikula mimi. Sasa bwana mkubwa ananyoosha mkono kwenye bakuli bila hata kuniangalia! Iliniuma sana.

Ndipo Boke, mtoto wetu wa mwisho aliyezaliwa baba yake akiwa mbali, akauliza mbele ya wote, "Mama, kwani huyu mgeni ataondokaga lini?"

Magige akairudisha firigisi. Hakuna aliyeila.

4. Kama kumrudisha ni vigumu, basi nipe mimi cheo cha sajini, anipigie saluti jikoni.

Nisalimie maafande wote, na wake zao zaidi.

Mimi raia mwema,
Eufrasia, mke wa Koplo Magige.

N.B. Nikiwa natafuta bahasha, simu yenu imeingia: likizo imekatishwa. Ameondoka na basi la mchana la kupitia Bunda. Afande, barua hii ichane, umrudishe huku. Boke amesimama barabarani na filimbi, analia kwamba Baba ameisahau. Mimi nimechinja kuku mwingine. Firigisi nimeiweka kwenye sahani ya Magige, nimeifunika, na yeyote atakayeigusa atanitambua.