Mkurugenzi Aliyeagwa Kabla ya Kosa

"Wananchi wote mnatangaziwa kuwa sababu na matokeo vitaendelea kufuatana kama kawaida, isipokuwa pale ambapo matokeo yametangulia. Msiwe na hofu. Idara inalijua jambo hili na inaliunga mkono."

Tangazo hilo lilisomwa na Mkurugenzi wetu kwenye ngazi za Idara ya Sababu na Matokeo. Makofi yalikuwa yamekwisha kupigwa kabla hajafungua mdomo, kwa hiyo alipomaliza pakawa kimya. Mimi nilisimama nyuma yake na birika. Ndimi mpika chai wa Idara, na chai inapita katika maamuzi yote makubwa.

Kwa lugha ya ofisi hali ile iliitwa Mtanguliano wa Matokeo. Mtaani waliiita kinyumenyume. Dereva wetu aliamka na bandeji kwenye mguu usio na jeraha lolote. Wapangaji wa nyumba ya jirani walicheka asubuhi nzima wakishika mbavu, na mwenye utani akafika mchana. Sarafu ukiirusha ilitua wima, ikasimama kama askari wa zamu, na vijana wa kamari wakaanza kutafuta kazi.

Ofisi nyingine ingechanganyikiwa. Mkurugenzi wetu alijifungia na Naibu wake, wakamaliza birika mbili, wakatoka na agizo: mtu yeyote aliyepata tokeo lisilo na sababu aitafute sababu hiyo na kuitekeleza kabla ya saa kumi. Akishindwa, huyo ni mwizi wa matokeo, na atakaa rumande mpaka sababu ipatikane.

Agizo lilifanya kazi vizuri. Dereva alipelekwa ngazini, akasimamiwa mpaka akaanguka. Mara ya kwanza alianguka vibaya, yaani hakuumia, ikabidi arudie. Jirani mmoja alikuwa ameamka akakuta mkewe amehama. Alijitahidi kumkosea kabla ya saa kumi, ingawa ilimlazimu amfuate hadi kwa mama mkwe ili amtukane.

Kwa shangazi yangu, tokeo lilikuwa ufunguo. Shangazi ni fundi wa miavuli. Kazi yake huwa nyingi wakati wa mvua, naye hana paa, kwa hiyo hushona miavuli ya watu huku akilowa. Miaka yote ameomba kibanda sokoni. Vibanda hutolewa kwa kura, na kura ni ya haki, ila imetokea kuupenda sana ukoo wa Naibu. Sasa asubuhi ile alikuta mfukoni ufunguo wa kibanda kizuri kuliko vyote, kile cha langoni.

Alikuja ofisini akiwa analowesha sakafu. Naibu alimpokea.

"Mama, umetoa nini?"

"Sijatoa kitu."

"Basi toa. Sababu si itakuwa imepatikana?"

Shangazi alisema alichokuwa nacho ni mwavuli mmoja tu, tena wa mteja. Naibu akamwonyesha benchi na saa ya ukutani, akamkumbusha habari za rumande. Mimi nilimpa chai kwa kikombe cha wakubwa.

Ndipo Mkurugenzi aliporudi kutoka kwenye chakula cha mchana. Jina lake lilikuwa limekwanguliwa mlangoni. Uani wafanyakazi walikuwa wanamalizia kuimba wimbo wa kumuaga, na mtunza fedha alikuwa anafuta machozi. Mzee alikuwa amekwisha kumwaga unga, kazi hana.

"Nimefanya nini?" aliuliza.

"Bado, mzee," Naibu alimjibu kutoka kwenye kiti chake. "Ila una mpaka saa kumi."

Agizo ni agizo. Mkurugenzi alilala juu ya meza akakoroma, hakuna aliyegeuka. Alichukua gari la Idara akapeleka mbolea shambani kwake, akarudi, akauliza kama tayari. Alichota kwenye sanduku la fedha, na mtunza fedha akamshukuru kwa kuchota kidogo leo.

"Mzee, hizo ni sifa za kazi," Naibu alimwambia kwa huruma. "Hazijawahi kumfukuzisha mtu."

Mkurugenzi akaja kuketi kwenye benchi, jasho likimtiririka.

"Na wewe mama, unangoja nini?"

"Sababu," alisema shangazi, akamwonyesha ufunguo.

"Hujatoa kitu?"

"Sijatoa."

"Una ndugu humu?"

Shangazi alinitazama. Mimi nikatazama birika.

"Yupo mpika chai."

"Huyo hahesabiki. Kibanda unakihitaji kweli?"

"Mvua inaninyeshea, baba."

Uso wa Mkurugenzi ukafunguka polepole. Akasimama katikati ya ukumbi, akatangaza kwa sauti kwamba kibanda cha langoni anampa mama huyu, bure, kwa kuwa anakihitaji.

Ukumbi mzima ukaganda. Mtunza fedha alijiziba mdomo. Naibu alimjia mbio.

"Umefukuzwa kazi," alisema.

"Asante," akasema Mkurugenzi, akaketi, akaomba chai.

Shangazi aliondoka na ufunguo wake wenye sababu halali.

Asubuhi iliyofuata Naibu alifika mapema ili azoee cheo. Wafanyakazi walikuwa uani, wanamalizia wimbo uleule, na jina lake lilikuwa limekwisha kukwanguliwa mlangoni. Kwenye benchi walikaa watu, na wengine walisimama hadi nje ya geti, kila mmoja na ufunguo wake mkononi, wanamngoja.

Niliongeza maji kwenye birika.