Majivu, Toleo la Ihanda

Jumatatu, 9 Juni

Leo nimeaibishwa mbele ya watu arobaini. Kalamu imetoboa karatasi mara mbili. Ni hasira, si hofu.

Ilikuwa hivi. Banda langu la video lilijaa. Nilikuwa naonyesha Majivu, ile tamthilia ya dunia iliyokwisha: mazao yamekufa, watu wanaishi mashimoni, kila mtu kavaa barakoa ya mpira. Tamthilia yenyewe imetokana na gemu. Gemu lina sehemu nne na vijana wote wa Ihanda wamelichezea kwa Hanifu, jirani yangu wa barabarani, mwenye runinga tatu za gemu na maringo ya watu thelathini.

Kama kawaida nikapunguza sauti ya wazungu, nikashika maiki kutafsiri. Kiingereza changu kinanitosha. Kisiponitosha, natumia busara. Alipoanguka yule mwanamke wa jicho moja nikatangaza kwa uchungu kwamba amefariki, nikaomba dakika moja ya kimya. Watu wakanyamaza. Kina mama wawili walifuta machozi. Kisha marehemu akainuka na kufyatua bunduki.

Hanifu akasimama benchi la nyuma. Akaueleza umati kwamba kwenye gemu mwanamke huyo hafi kabisa, ndiye anayeokoa dunia sehemu ya nne, na kwamba mtafsiri asiyecheza gemu ni kama padri asiyefungua Biblia. Watu walicheka mpaka benchi likavunjika. Benchi langu.

Nimewaza tangu saa kumi na moja. Dawa nimeipata. Nitatengeneza Majivu yangu mwenyewe, hapahapa, kwa simu yangu. Mwenye hadithi nikiwa mimi, nani atanikosoa?

Jumanne, 10 Juni

Mama kaenda Rugu kwa dada yake, mama mdogo Immaculata. Harudi mpaka Ijumaa. Mungu yuko upande wa sanaa.

Tatizo la Karagwe ni ukijani. Popote utakapoelekeza kamera, mgomba umestawi, mbuni wa kahawa umestawi, hata nyasi za njiani zina afya. Dunia gani hiyo iliyokwisha? Ikabidi niitengeneze kwenye kibanja chetu, shamba la migomba nyuma ya nyumba. Kina mashina mia tatu. Tunakula humo, rubisi, pombe yetu ya ndizi, inatoka humo, na Baba amezikwa humo. Banda linanipa jina. Kibanja kinanipa chakula.

Nikachagua mashina saba. Sikuyachukua pamoja, nilichukua kila pembe moja au mawili, ili kamera ipate mandhari. Nikababua majani kwa mwenge wa nyasi mpaka yakasinyaa. Nikapika uji wa mahindi uani, nikatia manjano niliyonunua dukani kwa Shufaa, dada yake Hanifu. Kaniuliza ninapika pilau la watu wangapi. Nikamjibu kwamba ni siri ya kazi. Kisha nikachoma kila shina kwa panga na kumimina uji ndani, ukawa unachuruzika kama usaha. Ulitisha! Hata mimi niliyeupika nilirudi nyuma hatua mbili.

Tuyizere, anayemsaidia Mama kulima, nilimvika gunia awe zimwi. Kaniuliza mara mbili kama Mama anajua. Mashina yenyewe kagoma kuyagusa. Eti kwao hawafanyi mzaha na mgomba. Nikamwambia ndiyo maana kwao hakuna filamu.

Mwisho nikasema kwa sauti nzito: Ugonjwa umeingia Ihanda. Umeanzia kibanja hiki. Usipokatwa leo, kesho hakutakuwa na mgomba Karagwe wala Kyerwa. Nikarusha kwenye kundi la WhatsApp la watazamaji wangu. Chini nikaandika: TUKIO LA KWELI. Biashara ni matangazo.

Jumatano, 11 Juni

Asubuhi, ushindi mtupu. Video imefika Kimuli! Mtu nisiyemjua kanipigia akilia.

Saa nne nikaona kwamba inayosambaa si video yote. Kuna mtu kamkata Tuyizere na gunia lake. Imebaki migomba, uji na sauti yangu.

Saa sita lori linalopakia ndizi hapa kijijini likageuza tupu. Dereva kasema hataki kubeba ugonjwa. Majirani wakaanza kupita mbele ya nyumba yetu polepole bila kusalimia.

Saa nane Mama akapiga simu. Kauliza kile ni kibanja cha nani, maana ameona kaburi linalofanana na la Baba. Nikamwambia makaburi yote hufanana. Akakata.

Saa kumi akaja bwana shamba, Cassian, na pikipiki yake. Nilidhani ni mpenzi wa filamu. Nikamwamkia shikamoo, nikamuahidi kiti cha mbele. Hakucheka. Akaniuliza kama ile sauti ni yangu. Nikasema ni yangu. Akauliza kama nilichosema ni kweli. Ningejibu nini, nami nimeandika mwenyewe kwa herufi kubwa? Nikasema ni kweli tupu.

Akaingia kibanjani. Akapasua shina la kwanza, ukatoka utomvu wa njano. La pili, vilevile. Akatazama majani yaliyosinyaa kwa muda mrefu. Kisha akanizuia kupiga hatua, akanimwagia dawa kwenye viatu, akafunga utepe mwekundu langoni. Kasema ni mnyauko, ugonjwa unaoua migomba. Ungekuwa kwenye shina moja, angekata shina moja. Lakini upo kila pembe, maana yake umeshaenea. Jumamosi saa tatu watakuja watu wa mapanga. Mashina yote mia tatu yatakatwa na kufukuliwa.

Mandhari ya kamera! Laiti ningetumia pembe moja.

Alhamisi, 12 Juni

Nimekiri. Sijawahi kukiri kitu chochote mapema namna hii maishani mwangu.

Nilimfuata Cassian nikamwambia kwamba ule si mnyauko, ni uji. Akavuta pumzi ndefu, ya mtu aliyeusikia wimbo huu mara nyingi. Kasema kwa miaka sita aliyofanya kazi hii hajakutana na mwenye kibanja hata mmoja aliyekubali kwamba ana ugonjwa. Mmoja alisema ni ute wa mayai. Mwingine alisema ni wakwe zake wamemroga. Mwingine alipanda mahindi mbele ili migomba isionekane. Uji, kasema, ni mpya, na ataukumbuka.

Nikamwomba twende nimthibitishie. Tukaenda. Mbele yake na mbele ya majirani tisa nikachota ule utomvu kwa kidole nikalamba. Uji wa siku mbili, juani, wenye utomvu wa mgomba. Nikatabasamu na kusema ni mtamu. Majirani wakaguna. Mzee Hagenimana, ambaye ng'ombe wake wanalala ng'ambo ya ua wetu, akamwambia mwenzake kwamba ugonjwa umenipanda kichwani. Cassian akaandika kitu kwenye daftari lake. Sidhani kilikuwa kizuri.

Kati ya safari moja ya chooni na nyingine nimeomba mvua inyeshe, ioshe manjano yote. Mvua, mwezi wa sita! Nimeishiwa.

Ijumaa, 13 Juni

Mama karudi. Nilikuwa nimejiandaa kwa makelele, nilishatunga hata utetezi. Hakupiga kelele.

Alipita chini ya utepe, akaketi karibu na kaburi la Baba. Nikamweleza yote, uji, manjano, mwenge. Akanisikiliza mpaka mwisho. Kisha akauliza kama najua ni shina gani Baba alilileta likiwa chipukizi, begani, kwa miguu kutoka Kyerwa, mwaka walipooana. Sikujua. Miaka thelathini na mmoja nakula ndizi zake, sikujua. Akanionyesha. Ndilo nililolibabua la kwanza, kwa sababu lilikuwa kubwa na lilipendeza kwenye simu.

Nikaona aibu. Naandika hivyo hivyo bila kuremba.

Tuyizere akanivuta pembeni. Kasema kasikia leo dukani kwamba Shufaa alishangaa mtu wa matoke, ndizi za kupika kwa chumvi tu, kununua manjano pakiti sita, akamwambia kaka yake. Hanifu, siku ile ya Jumanne, alipanda kwenye mparachichi wa jirani akanirekodi vipande vipande tangu nawasha moto mpaka mwisho. Alikuwa anaiweka video hiyo aje anicheke nayo siku atakayofungua runinga ya nne.

Kwa hiyo ushahidi upo. Na uko kwa Hanifu!

Ningependelea kutembea peku mpaka Kimuli. Lakini nimekwenda. Nikamkuta kakaa na rimoti yake. Nikamwomba. Kwa mara ya kwanza nikamwita ndugu yangu Hanifu. Alinitazama hadi nikaona hata yeye ameogopa, maana mama yake hununua ndizi kwa Mama tangu sisi wote tukiwa watoto. Kakubali. Pesa hataki. Sharti lake ni moja: video ataionyesha langoni kwetu, na mimi nitashika maiki niitafsiri, neno kwa neno, bila busara.

Jumamosi, 14 Juni

Saa tatu kamili. Watu kumi na wawili wenye mapanga, Cassian, na kijiji kizima. Hanifu kaweka runinga juu ya meza yetu ya chakula na betri ya gari chini yake. Mama kasimama kati ya utepe na mapanga, mikono kifuani. Cassian katoa dakika kumi.

Nikashika maiki. Kwenye runinga nikatokea nikichochea sufuria. Nikasema: Huyu ni Polikarpi. Anapika uji. Nikatokea nikionja. Nikasema: Anaonja. Nikatokea nikiongeza sukari. Nikasema: Anaongeza sukari, hata yeye hajui kwa nini. Hapo wa kwanza akacheka. Nikatokea nikichoma shina la Baba, namimina, narudi nyuma kwa woga. Nikasema: Anaogopa uji wake mwenyewe. Watu wakaanguka chini. Mzee Hagenimana alishikilia ua asianguke.

Cassian hakucheka. Aliitazama yote mara mbili. Kisha akaunguza panga kwenye moto kuua vijidudu, akaenda kwenye shina ambalo sikuligusa, akalipasua. Jeupe. Lingine, jeupe. Akapasua kikonyo cha ndizi, kisafi.

Kafungua utepe. Mashina mia mbili tisini na tatu yatabaki, na atakuja kuyakagua kila wiki mbili. Lakini yale saba yamekatwa, maana niliyachoma yote kwa panga moja bila kuliunguza, na huko nje ugonjwa wa kweli upo. Nilimwomba aache moja. Akakataa. Shina la Baba lilianguka upande wa kaburi.

Mama hakulia. Tuyizere akaondoka bila kuaga, akarudi na chipukizi begani, udongo unadondoka. Miaka mitatu iliyopita Mama alimpa chipukizi la shina lile apande kwake, kama watu wanavyopeana. Sasa shina lake nalo limetoa machipukizi. Mama akalipokea kwa mikono miwili, akasema waitu, yaani mtu wetu, asante, ndipo machozi yakamtoka.

Kabla watu hawajatawanyika, Hanifu akanikumbusha kwa sauti deni dogo la Jumatatu. Nikachukua maiki tena, nikatangaza rasmi kwamba mwanamke wa jicho moja hafi.

Jumapili, 15 Juni

Baada ya misa watu sita wameniita Bwana Uji. Video ya Hanifu imefika Bukoba. Yangu haikuvuka Kimuli.

Mama kaniamuru nichimbe mashimo saba. Nimechimba manne. Mikono ina malengelenge, lakini ukichimba unapata nafasi ya kufikiri, na nimekaa chini nikatathmini kazi yangu kwa uaminifu kama msanii mkomavu.

Kosa nimeliona. Kosa lilikuwa mgomba. Mgomba hautembei, hauigizi, tena una bwana shamba. Watu walicheka kwa sababu kulikuwa na kitu kinachosogea, yaani mimi. Sehemu ya pili inahitaji viumbe hai.

Mzee Hagenimana ana ng'ombe watano wapole na amekubali niwapige picha kesho, mradi niwarudishe kabla ya kukamuliwa. Nitawapaka povu la sabuni mdomoni, zito, lidondoke. Nitawafunga matambara kwenye kwato wachechemee. Dunia iliyokwisha, ng'ombe wanakwisha nayo. Chini nitaandika TUKIO LA KWELI. Cassian hahusiki na ng'ombe. Wao wana bwana mifugo wao, na huyo hanijui.

Sabuni sitanunua kwa Shufaa. Nitaifuata Kayanga. Mtu hujifunza kutokana na makosa.