Maneno Yangu Kinywani mwa Farasi

Jumanne, 3 Mei 1927

Walimwengu na wajue: leo nimenunua kola mpya. Shingo haigeuki. Yote kwa ajili ya Bi Kinue, mjane anayepiga shamisen, ala ya nyuzi tatu, chini ya pazia la sinema yetu. Jumamosi anahamia Osaka kwa kaka yake, asipopata sababu ya kubaki Kyoto. Sababu ni mimi! Yeye hajui.

Mimi ni msimulizi. Picha ni bubu, mdomo ni wangu: kila anayeonekana pazia, mimi ndiye ninayemsemea ukumbini. Wiki hii samurai anampenda binti wa adui wa bwana wake. Chini ya mti wa msakura uliochanua anamwambia mengi yasiyosikika. Kesho, kwa kinywa chake, nitamwambia Bi Kinue yangu.

Jumatano, 4 Mei

Maua yakadondoka. Vumbi likaelea kwenye mwanga kama theluji iliyosahau njia. Nikavuta pumzi. Iwao, mzungusha mashine ya picha, akaongeza kasi. Mshenzi, naye anamtaka! Samurai kapita, farasi wake kajaa pazia, na “nimekupenda tangu ulipovaa kimono cha kijivu” ikatoka kinywani mwa farasi. Watu mbavu hawana. Mzee mmoja akapiga kelele: “Mwoe, farasi, mwoe!”

Mlangoni Bi Kinue akasema farasi wangu ana adabu kuliko wanaume wengi. Nimerudi nyumbani miguu haigusi ardhi.

Alhamisi, 5 Mei

Nimemhonga Iwao sake, pombe ya mchele, azungushe polepole. Akainywa yote. Samurai akafumbua mdomo taratibu kama samaki wa bwawani. Posa yangu ikaisha, yeye bado anasema! Nikajazia kwa sifa za figili za chumvi. Ukumbi mzima ukaona njaa. Bi Kinue akaniambia za kwake ni tamu zaidi. Je, hiyo ni ndiyo?

Jumamosi, 7 Mei

Ningependa kuandika kwamba treni iliondoka bila yeye. Kweli ni hii.

Stesheni, asubuhi, ukungu mweupe kama pazia kabla ya picha. Bi Kinue akaweka shamisen chini. Akasema: “Bwana Tamekichi, hapa hakuna mashine wala farasi. Una neno?”

Nikafungua kinywa. Ikatoka sauti ya samurai, ile ya kuagana, niliyoitoa mara arobaini wiki hii: “Binti, wajibu waniita. Nisahau.”

Alinitazama sana. Kisha akainama, akapanda. Dirishani nadhani alikuwa anacheka. Au analia, kola ilinizuia kugeuka.

Nimepata dawa: barua! Barua haina sauti. Mstari wa kwanza umejiandika wenyewe, mzuri ajabu: Binti, wajibu waniita.