Mshahara Wangu Ulipohamia Majitaka

Jumatatu, 3 Machi
Mkurugenzi katuita wahasibu. Kasema mwaka huu hesabu za kampuni yetu ya taka hazipikwi tena chungu kimoja. Bodi inataka kila kitengo kionyeshe faida yake peke yake: dampo, majitaka, urejelezaji. Mhasibu wa kitengo kitakachong'ara atakuwa mhasibu mkuu. Moyo paa! Urejelezaji ni wangu. Majitaka ni ya shemeji, mdogo wake mke wangu. Kazi nilimtafutia mimi. Leo ananiita "mwenzangu" mbele ya wafagizi!

Jumanne, 4 Machi
Nimepiga hesabu. Hasara tupu. Chupa za plastiki tunazizungukia mji mzima, kisha tunaziuza kwa bei ya kutupa. Dizeli inatumaliza. Lakini malori yangu na magari ya majitaka yanajaza pampu moja, pale uani. Nani atajua lita ipi imeingia wapi? Mgawo wa gharama za pamoja nauandika mimi, basi dizeli yote nimeihamishia majitaka. Chai ya saa nne imeshuka kwa raha zake.

Alhamisi, 6 Machi
Haitoshi! Nimehamisha umeme, walinzi, hata sabuni. Faida bado nyembamba kama uzi. Shemeji kaja mezani kwangu, kauliza kwa upole kama nami naona magari yake yanakunywa kupita kiasi. Nikamwambia awachunguze madereva wake. Kaondoka anakuna kichwa. Kisha nikaona gharama moja nene imebaki kwangu: mshahara wangu. Nao nikauhamisha. Akili kama hii hawapewi wote.

Ijumaa, 14 Machi
Bodi imekaa. Urejelezaji wa kwanza! Mkurugenzi kanisifia hadharani. Shemeji kapiga makofi, mjinga yule. Nimemwambia mke wangu aanze kuniita Mkuu. Kasema Mkuu atoe kwanza ndoo ya taka, imejaa.

Jumatatu, 17 Machi
Bodi imefunga majitaka. Kila anayelipwa na kitengo hicho kapewa barua ya kuachishwa kazi. Madereva, matingo wao, shemeji. Na mimi. Mimi!
Nimemkimbilia mkurugenzi. Kanionyesha taarifa: mshahara wangu uko majitaka. Nikasema ni kosa la kuandika tu. Akauliza kama yapo makosa mengine humo ndani, maana sahihi ni yangu. Nikaichukua barua yangu, nikatoka.

Jumanne, 18 Machi
Kumbe kwa taarifa ile, urejelezaji hauna mhasibu. Mkurugenzi kaona kitengo bora namna hii hakiwezi kukaa hivyo. Barua ya shemeji imefutwa, kapewa kiti changu. Na umhasibu mkuu juu yake! Mke wangu kalia kwa furaha, akakumbuka yaliyonipata, akalia upya.
Nilikuwa getini na boksi langu dereva mkongwe wa majitaka aliponishika mkono. Huyu alikuwa akinipandisha garini kila mvua iliponikuta njiani. Kaniuliza, "Bwana mhasibu, wewe umesoma. Hebu niambie, tulikosea wapi? Mbona kazi ilikuwa haiishi?"
Nikamwambia ni bodi. Watu wasio na huruma. Akanishukuru, akanibebea boksi mpaka barabarani.

Jumapili, 23 Machi
Nimeona mwanga! Kampuni imefunga majitaka, lakini vyoo vya watu havijaacha kujaa. Nimezungumza na dereva mkongwe. Kakubali kabla sijamaliza sentensi, anakusanya wenzake. Tutakodi gari kuukuu. Biashara itakuwa na vitengo viwili: wao mipira ya kunyonyea na mashimo ya vyoo, mimi ofisi. Kila kitengo kijitegemee, ndiyo haki. Kodi ya gari, dizeli, matairi na faini nimewawekea wao. Hatujanyonya hata shimo moja, na ofisi yangu tayari ina faida!