Motari, Mtaalamu wa Uchina

Jumatatu, 4 Agosti 2025
Habari kubwa hapa Masara! Dorine, mwenyekiti wa kina mama wanaosaga mawe ya dhahabu, anapokea mgeni Ijumaa. Mtafiti kutoka "kule Uchina". Atawaonyesha jinsi ya kusafisha dhahabu bila zebaki. Dorine anatafuta mwenyeji wa kumtembeza. Kazi ya heshima, si kama kuuza viatu vya mitumba juani! Nikasema Uchina naijua vizuri sana. Maranga, fundi wa simu, akauliza naijua kivipi. Nikamwambia atajionea.
Sijui naijua kivipi.

Jumanne
Homa Bay, kwa Profesa Obare, mstaafu. Maisha yake yote ameandika historia ya Uchina na majirani zake. Nikaomba kitabu chembamba. Akasema hakuna historia nyembamba. Akanipa viwili vyake, kimoja cha ujanani, kingine cha juzi juzi. Akasisitiza nianze na utangulizi.
Utangulizi ni wa watu wenye muda.

Jumatano
Kichwa kinagonga. Katika kitabu cha zamani mji mkuu ni Peking. Katika kipya ni Beijing. Nimetafuta Peking kwenye ramani, haipo! Bila shaka Beijing iliiteka. Halafu kuna kitu kinaitwa Long March. Nimeelewa ni mwezi wa Machi uliodumu mwaka mzima bila kuisha. Watu walitembea tu, wakisubiri Aprili. Masikini! Na Japani inaingia kila sura bila kubisha hodi.
Nimemwambia mke wangu Liz kwamba kazi nimeshapata. Ametangazia kanisa.

Ijumaa
Sijui nianzie wapi. Mgeni ni mama mmoja mpole, Bi. Park. Nikainama mpaka kofia ikaanguka kwenye tope la dhahabu. Nikampa pole kwa kuipoteza Peking. Kina mama wakaacha kusaga.
Akasema, "Ahsante kaka, lakini mimi natoka Korea."
Kwa Kiswahili! Cha Unguja, kilichonyooka kuliko changu! Nikajitetea kwamba Korea nayo ni Uchina, ila ya pembeni. Dorine akafunika uso kwa leso. Hapo Maranga, ambaye hajafungua kitabu tangu darasa la nane, akaleta kiti, akamuuliza Bi. Park safari ilikuwaje na kama anakula samaki. Anakula sana. Wakaondoka wakicheka.
Kazi ni ya Maranga. Kanisa bado linanipongeza.

Jumapili
Nimemrudishia Profesa vitabu. Alicheka mpaka akavua miwani. Akanieleza kwamba Peking na Beijing ni mji mmoja, tahajia tu ilibadilika, na kwamba ile March ni safari ya jeshi kwa miguu. Nikaona aibu kweli. Akaniambia kwa upole, "Motari, soma kimoja, polepole, toka mwanzo. Na mtu akija, muulize kwanza anakotoka."
Maneno mazito. Nimeyatafakari njia nzima hadi Migori, na kosa langu nimeliona waziwazi: vitabu viwili ni vichache mno. Nimebeba sita vya mitumba toka sokoni.
Dorine anasema Alhamisi atakuja mgeni mwingine, mchimbaji kutoka Ghana. Safari hii sibahatishi. Nimeanza na Japani.