Matembezi ya Praha Yalivyonishinda Nyaishozi

Leo nimeadhirika mbele ya Nyaishozi nzima.

Nyie wenzangu mlioko Bukoba, nawaandikia haraka kabla basi la kesho halijawaletea maneno ya Paskazia. Maneno ya yule jirani yangu nayajua. Yakitoka hapa ni mbuzi, yakifika huko ni ng'ombe mwenye ndama. Sikieni kwanza yangu.

Mnakumbuka mwaka jana usharika ulinituma Ujerumani kwa marafiki zetu wa kule. (Ndiyo, mimi, mwalimu wa chekechea. Waliokasirika wameshapoa.) Siku moja wenyeji wetu walitupandisha basi mpaka Praha, nchi ya jirani, tukaone mtaa wa zamani wa Wayahudi. Kule mnatembezwa kwa miguu. Mama mmoja mrefu anatangulia na mwavuli mwekundu juu, nyie mnamfuata nyuma kama vifaranga. Anasimama mbele ya nyumba. Anasema, hapa palikuwa na mwoka mikate, pale ni sinagogi, ghorofa ile alikaa fundi saa na watoto wake. Watu wanavua kofia. Wanainamisha vichwa. Kimya. Halafu mwavuli juu, twende mbele. Hakuna anayegonga mlango wa mtu. Mwishoni tukaingia sinagogi moja ambalo kuta zake zote ni majina, toka juu mpaka chini, ya watu waliochukuliwa wakauawa wakati wa vita. Nililia pale, wala sioni haya kusema.

Lakini katika basi la kurudi nikaanza kuwaza. Sisi Karagwe hatuna mambo ya zamani? Hatuna nyumba za kusimulia? Nikajiapiza kwamba hawa wakija kwetu nitawatembeza hivyohivyo, kwa utaratibu, siyo ule mtindo wetu wa kumfungia mgeni kwenye kiti na kumlisha ndizi mpaka giza.

Basi wamekuja. Wako wanne, na kiongozi wao ni Bi Hana, mama wa makamo aliyewahi kuwa muuguzi hapa nchini, Kiswahili anakimudu vizuri. Mchungaji ameitwa kikaoni Kayanga. Akaniambia, "Mwalimu, wageni ni wako leo." Mimi huyo! Nikatafuta mwavuli. Mwekundu haupatikani Nyaishozi yote, nikachukua wa mume wangu, mweusi, una tundu.

Kituo kikubwa cha matembezi yangu kilikuwa kwa baba mkwe wangu, Ta Byarugaba. Mnaijua nyumba yake, msonge wa nyasi, wa mwisho uliobaki upande huu. Wanawe walishamwambia mara nyingi auvunje wamjengee ya bati, anawafukuza na fimbo. Sasa lipo jambo mlijue. Miaka yote wageni wa usharika wakija wanapelekwa kwenye nyumba za bati. Kwake hajaingia hata mmoja, na mzee linamuuma. Nilipomwambia juzi kwamba safari hii wageni watafika kwake asubuhi, alinishika mkono. Baba mkwe! Akaniambia, "Mwanangu, umeniheshimu."

Nami nilitaka kumheshimu kweli. Ila mpango wangu ulikuwa hivi: asubuhi tunapita tunaziangalia nyumba kwa nje, mchana tunarudi kwake kula. (Je, nilimfafanulia hilo la kwa nje? Sikumfafanulia. Endeleeni kusoma.)

Tukaanzia kanisani. Nikawapa wageni sharti moja tu.

"Njiani tusisalimie mtu, wala tusibishe hodi."

Bi Hana akashangaa. "Kwa nini? Mimi nilifundishwa kusalimia kila mtu."

"Tukisalimia tutakaribishwa. Tukikaribishwa tutapewa kahawa ya kutafuna, halafu ndizi, halafu tutaulizwa habari za Ujerumani yote. Nyumba ya pili hatuioni leo."

Mnibishie! Ni uongo?

Akawatafsiria wenzake, wakakubali. Wale ni watu wa sharti.

Nyumba ya kwanza, mwenye nyumba alitoka anakimbia na kikapu chake cha kahawa. "Karibuni! Karibuni ndani!" Mimi mwavuli juu. Nikaeleza kwa sauti ya chini kwamba mibuni ile ilipandwa na babu yake. Wageni wakavua kofia. Halafu twende. Yule baba akabaki na kikapu chake, ananiangalia kama nimemtemea mate. Nyumba ya pili hivyohivyo. Ya tatu mama mwenye nyumba hakunikawiza. Alipaza sauti tupo palepale uani kwake, "Huyu tangu apande ndege hajui tena kusalimia watu!" Nikainua mwavuli, tukaondoka. Mimi, ambaye mtoto wake nimemfundisha kushika kalamu!

Tukafika kwa baba mkwe. Uwanja umefagiwa, hakuna hata jani. Mlango uko wazi, ila ndani giza, humwoni mtu. Nikawapanga wageni nusu duara. Nikaeleza jinsi msonge unavyojengwa, wanaume wangapi wanapanda juu, mama mkwe wangu marehemu aliyewazaa wanawe wote humo ndani, akafia humo. Nilisema vizuri, jamani. Nilisema vizuri kuliko yule mama wa Praha. Wageni kofia mkononi, vichwa chini. Bi Hana akatoa leso akapangusa macho.

Sasa jiwekeni mahali pa mzee. Yuko mle ndani tangu alfajiri. Ametandika nyasi mbichi sakafuni. Amevaa kanzu na koti lake la harusi. Kahawa iko kikapuni, ndizi ziko jikoni. Anasikia miguu ya wageni uani. Anangoja hodi. Hodi haiji. Anasikia sauti ya mkwe wake inanong'ona, halafu kimya. Atoke? Mzee mzima atoke kumlaki mtu ambaye hajabisha hodi? Thubutu! Akakaa kwenye kiti chake na hasira zake.

Na jiwekeni mahali pa Paskazia (mimi sitaki, lakini nyie jiwekeni). Anatoka shambani na jembe begani. Anaona watu wamesimama kwa Ta Byarugaba. Hawasalimii. Hawakai. Kofia mkononi, vichwa chini, Mzungu analia. Mzee haonekani. Kwetu hapa mtu akifika kwa mwenzake bila hodi wala salamu akasimama hivyo, amefuata nini?

Paskazia alitupa jembe. Alipiga yowe ambalo nadhani hata Kihanga wamelisikia.

"Yuuuwii! Tata Byarugaba ametuacha!"

"Paskazia, nyamaza!" nikasema. "Hajafa mtu!" Nani anisikie? Yowe la kwanza likajibiwa ng'ambo ya bonde, la pili likajibiwa barabarani. Migomba ikaanza kutoa watu. Wanawake wamejifunga khanga viunoni, wanaume na kuni mabegani, mwingine na mkungu wa ndizi kichwani. (Kwa msiba tuna mbio, nchi hii! Ungekuwa ujenzi wa darasa ungewaona?) Wageni wangu wakadhani ni sehemu ya matembezi. Mmoja akapiga picha.

Nikataka kuingia ndani kumtoa mzee wamwone. Lakini mimi ni mkwe! Niingie kwa baba mkwe bila hodi, mbele ya watu wote hao? Na nikibisha hodi kwenye nyumba wanayosema ina maiti, watasema nimerukwa na akili. Nikabaki nazunguka uani na mwavuli.

Kisha nikamwona mume wangu.

Alikuwa amepeleka kahawa kwenye chama cha ushirika. Habari ilimkuta njiani. Anakuja anaendesha baiskeli mbio huku analia, kilio cha mtu mzima kabisa, anaita "Tata! Tata!" Wenzangu, hapo sikucheka wala sikukasirika. Iliniuma. Aliitupa baiskeli, akanipita kama hanioni, akaingia ndani.

Kilio kikakatika.

Halafu tukasikia sauti ya mzee, ya polepole.

"Na wewe unaingia kwangu bila hodi? Leo mna nini?"

Akatoka. Kanzu, koti, fimbo. Wanawake waliokuwa wamelala chini wanagaragara wakakaa. Mwenye mkungu akautua. Paskazia akaanza kusema "Yesu na Maria" na hakumaliza.

"Nani amekufa?" mzee akauliza.

Mnadhani kuna aliyejibu? Vidole vyote vilinielekea mimi. Vyote! Hata cha Paskazia aliyepiga yowe! Nikapiga magoti.

"Shikamoo, baba."

"Sasa ndiyo unanisalimia?" Hakuitikia. "Nimekaa humo tangu jogoo wa kwanza. Nimekusikia unawaeleza watu juu ya mke wangu, nyumba yangu, paa langu. Mimi hukuniona? Uliniambia wageni watafika kwangu. Umewaleta wanililie mlangoni!"

Ninajitetea. Nasema Praha, nasema mwavuli, nasema utaratibu. Kadiri ninavyosema ndivyo watu wanavyoguna. Mume wangu amesimama mlangoni, macho mekundu, haniangalii.

Bi Hana akasogea. Akapiga goti kidogo (adabu hiyo sharti langu halikumfutia, kumbe), akasema kwa Kiswahili chake, "Shikamoo, baba. Utusamehe. Kule tunasimama nje kwa sababu wenye nyumba waliuawa. Hakuna aliyebaki wa kutuitikia tukibisha hodi. Ndiyo sababu tunavua kofia."

Mzee alimwangalia Bi Hana, akawaangalia wale wenzake mmoja mmoja.

"Wote?" akauliza.

"Karibu wote, baba."

Mzee akatikisa kichwa, akasema, "Poleni. Lakini mimi nipo. Waambie wenzako warudi kule njiani waje upya, wabishe hodi. Nitawaitikia."

Akaingia ndani. Basi watu wazima wa Kizungu wakarudi mpaka barabarani, wakaja upya, wakapiga kelele pamoja, "Hodi!" Mzee akajibu toka ndani, sauti imejaa, "Karibuni! Karibuni sana!" Wakaingia. Nawaambia, nilisikia akicheka mle ndani, na huyu mzee hajacheka tangu tumzike mama mkwe.

Waombolezaji nao wakaona wasiondoke bure. Hodi, karibu. Hodi, karibu. Kuni zao zikawashwa, mkungu wao ukamenywa. Paskazia naye hodi, akakaribishwa, akapewa kahawa ya kutafuna kwa mkono wa mzee mwenyewe! Yule aliyempigia yowe la kifo! Mume wangu aliingia na mkungu mwingine bila kunitupia jicho.

Nikabaki uani peke yangu, mimi mwenye wageni. Nikajipangusa magoti. Nikasogea mlangoni kwa adabu zote nilizolelewa nazo.

"Hodi, baba."

Kisha baba mkwe akajibu, taratibu, kila mtu asikie:

"Mwenye nyumba alishafariki, mwanangu. Muulize Paskazia."

Walicheka mpaka nyasi za paa zikatikisika. Wazungu walitafsiriwa, nao wakacheka upya peke yao. Ndizi nimeletewa nje, nimekula nimekaa juu ya kuni, na aliyeniletea ni Paskazia, anatafuna kahawa.

Sasa na nyie mlioko Bukoba chekeni. Chekeni tu! Krismasi nakuja huko, na nitasimama mlangoni kwa kila mmoja wenu bila hodi, nimeinamisha kichwa, mpaka majirani zenu walete kuni.