Mtihani wa Mdomo

Jumatatu, 11 Oktoba 1999
Mtihani wa mdomo ni Alhamisi. Na unahusu mdomo! Mishipa inayopeleka damu kwenye midomo na pua. Ni mara yangu ya tatu. Kaka Gad ametuma ujumbe kutoka Bugeshi: nikianguka tena, niache uuguzi nikalime naye viazi. Jembe langu ameshanunua.

Kitabu darasani ni kimoja, na mwenzangu Kayitare amekilalia tangu asubuhi. Nimenakili nusu ya uso, ya kulia. Ya kushoto si ni ile ile? Kayitare anachora zote mbili, kwa penseli za rangi. Mjinga.

Jumatano, 13 Oktoba
Akili ni mali! Kesho nitajichora usoni kwa biki. Mshipa unapanda kutoka chini ya taya hadi pembe ya mdomo. Tawi la mdomo wa chini. Tawi la mdomo wa juu, lenye kijitawi kinachoingia puani. Kisha unaambaa na pua hadi jichoni. Mezani kwa mwalimu Mukandori kuna sinia la chuma linalong'aa. Nitajisoma humo. Kikwazo ni masharubu. Yatanyolewa.

Alhamisi, 14 Oktoba
Ole wangu! Wembe butu. Nilijikata mdomo wa juu, nikabandika karatasi.

Mukandori aliuliza kama kuku amenitembelea usoni. Nikasema ni ajali ya kalamu. Nikafungua kinywa kutamka "ateri" kwa madaha, kidonda nacho kikafunguka. Damu! Wino wote ukaenda nayo.

Mwalimu hata hakushtuka. "Bon, Protais. Mugonjwa ni wewe, muuguzi ni wewe. Simamisha damu."

Nikabana taya la kulia, mahali penyewe kabisa. Damu haikujali. Nikabana zaidi. Ikazidi.

Mwalimu akanifinya mdomo pande zote mbili kwa vidole vyake. Ikakatika. Akasema mishipa ya kulia na ya kushoto inakutana katikati ya mdomo, kama ndugu wa Gisenyi na Goma pale mpakani. Ukiziba upande mmoja, damu inakuja kwa mwingine. Kayitare, dirishani, alicheka hadi akakaa chini. Niliona aibu sana. Nilitaka kujitetea, lakini mdomo ulikuwa bado umefinywa.

Jumapili, 17 Oktoba
Mukandori kanihurumia. Kesho narudia, mara ya mwisho kabisa. Mada ni mkono. Kitabu kinasema mkono una ateri mbili kubwa, na zenyewe pia zinakutana, kiganjani. Kurasa kumi na nne!

Lakini safari hii somo limeniingia. Kama zinakutana, anayeijua moja anazijua zote mbili. Nimesoma ile ya upande wa kidole gumba, kisha nikaenda ziwani kuogelea.